Kiti cha Kushoto

"Katikati ya njia iko wapi?"

Baba aliniuliza hivyo nikiwa na miaka kumi na minne. Alikuwa amesimamisha gari pembeni, kilomita chache baada ya kutoka Kolwezi, kwenye barabara iendayo Likasi. Nilitazama mbele. Lami ilikuwa pana na ya kijivu, imepakwa vumbi jekundu la malori ya madini, na haikuwa na mstari wowote. Ilipotengenezwa ilikuwa nao. Watu wazima walisema waliuona kwa macho yao. Lakini magurudumu ya malori yaliulamba katika misimu michache, na tangu hapo kila dereva alitembea na mstari wake kichwani.

Nilijibu kwamba katikati ni nusu. Unachukua upana, unaugawa kwa mbili.

"Upana wa kutoka wapi mpaka wapi?"

"Kutoka ukingo huu mpaka ule."

Akanionyesha ukingo wa upande wetu. Ulikuwa umetafunwa, vipande vya lami vimemegeka na kuangukia majanini, mahali pengine hatua nzima ya mtu mzima imekwenda. Ukingo wa upande wa pili ulikuwa mzima.

"Sasa, mama," akasema, maana alikuwa akiniita mama kama akina baba wengi wa kwetu wanavyowaita binti zao, "unagawa njia yenye ilikuwako, ao njia yenye iko?"

Sikujua. Nilikuwa mtoto wa kujua mambo, na padri alikuwa ameshaniomba niyaweke maswali yangu hadi wenzangu wamalize kupokea komunyo ya kwanza. Kukaa ndani ya gari bila jibu, mbele ya abiria wanne waliokuwa wanasikiliza, kuliniuma.

Baba alinieleza tukiwa tunaondoka. Malori yanayotoka migodini kuelekea mpakani yana mzigo. Yanayorudi ni matupu. Kwa hiyo upande wa kwenda Likasi hufa kwanza. Dereva mwenye mzigo hauamini ukingo uliomegeka, anasogea kushoto. Anayerudi mtupu anajua hilo, naye anasogea pembeni kwake ambako lami bado ni ngumu. Hivyo katikati ya barabara ile haikuwa nusu. Ilikuwa imehama, imekwenda kukaa upande wa wale wanaorudi, kwa makubaliano ambayo hakuna mtu aliyeyaandika.

"Nani alikubaliana?" nikauliza.

"Bote."

"Lini?"

"Mama, we unaulizaka kama polisi," akasema, na abiria wakacheka.

Gari letu lilikuwa la usukani wa kulia. Yalikuwa mengi namna hiyo Kolwezi, magari yaliyokwishatumika Japani, yakapitia Dar es Salaam na Zambia hadi kutufikia. Huko yalikopita watu huendesha kushoto. Sisi tunaendesha kulia. Maana yake ni kwamba baba alikaa upande wa mtaro. Alipokuwa nyuma ya lori aliona milango ya nyuma ya lori na majani ya pembeni, basi. Ili aone kama kuna gari linalokuja ilimbidi atoe karibu gari lote upande wa wenzake, na anayefanya hivyo hafiki uzeeni. Ndiyo sababu kila dereva wa gari la namna ile alihitaji mtu wa kiti cha kushoto. Mtu huyo alikuwa jicho lake.

Siku za Jumamosi na wakati wa likizo, jicho la baba nilikuwa mimi.

Kazi ilikuwa na maneno matatu tu. Baba aliuliza, "Kuko kitu?" Mimi nilijibu "Kuko" au "Hakuna." Alinikataza maneno mengine yote. Mwanzoni nilikuwa nikisema, "Nafikiri hakuna," naye akaniambia kwamba kabla sijamaliza kufikiri lori litakuwa limeshatukuta. "Kama unafikiri, sema kuko." Nililipenda sharti hilo kuliko sharti lolote nililowahi kupewa nyumbani au shuleni. Lilikuwa la kweli. Ungeweza kulipima.

Alinifundisha na kusoma barabara yenyewe. Malori hudondosha mafuta kutoka chini ya injini, na mafuta huangukia kati ya alama mbili za magurudumu. Siku baada ya siku yanajenga ukanda mweusi. "Ile nyeusi njo mugongo ya kamyo," alisema, yaani ndiyo mgongo wa lori. Barabara nzima ina migongo miwili, mmoja wa kwenda na mmoja wa kurudi, na kati yake kuna sehemu iliyopauka ambayo hakuna anayeikanyaga sana. Hapo ndipo mstari ungekuwa. Masika mvua ilipoosha ile migongo, tulitazama mng'ao wa lami iliyosuguliwa. Na kwenye njia pana ya vumbi kuelekea Mutoshi, ambako hapakuwa na lami, pikipiki na baiskeli za magunia zikipita kila mahali, baba alitazama akina mama wanaouza makala, yaani mkaa. Mahali mama alipoweka gunia lake la mwisho, hapo barabara imekoma. Nilimuuliza akina mama wale walijuaje. Akasema kila mmoja wao ameshapoteza gunia moja.

Abiria hawakupenda nikae kiti kile. Kilikuwa kiti kizuri, cha mtu kukaa peke yake bila kubanwa, na kila asubuhi kwenye kituo alikuwepo bwana aliyekitaka.

"Shofere, kiti ya mbele ni ya mutu mukubwa. Mutoto aende nyuma."

"Mutu mukubwa anaonaka kamyo mbali?" baba alikuwa akijibu. "Kama anaona, akae."

Mara moja bwana mmoja alikubali, akakaa, nami nikaenda nyuma. Hatujafika daraja la Lualaba akawa ameshasema "Hakuna" kisha "Ah, kuko, kuko," na baba akamwomba kwa adabu abadilishane nami. Nilirudi mbele bila kutabasamu. Nadhani ile ndiyo asubuhi niliyokuwa na furaha kuliko zote za utoto wangu, na sikuonyesha.

Nasema "nadhani" kwa sababu miaka ile nilianza pia kuwa na shaka.

Nilikuwa nimemwangalia baba muda mrefu, na niliona ana njia nyingine. Barabara ilipopinda kulia, aliweza kuchungulia upande wake mwenyewe na kuona mbali mbele ya lori. Dereva wa lori naye alimsaidia: akiwasha taa ya kulia maana yake pita, akiwasha ya kushoto maana yake ngoja. Mara nyingine baba alirudi nyuma kidogo, akaliacha lori liende, akapata nafasi ya kutazama. Nikajiuliza ananihitaji kwa nini. Au ananiuliza tu kama mtu anavyompa mtoto bakuli safi aoshe, ili naye ajione anasaidia? Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Nilikuwa nimepata diploma ya serikali ya kumaliza sekondari, nasubiri kwenda chuo kikuu Lubumbashi kusoma sayansi, na wazo kwamba nilikuwa nikiosha bakuli safi kwa miaka mitano halikuniacha.

Ningeweza kumuuliza. Nilikuwa nauliza kila kitu, hilo sikuliuliza. Badala yake nilifanya jaribio.

Ilikuwa kiangazi, asubuhi, baada ya daraja la Lualaba, mahali ambapo barabara inanyooka kwa muda mrefu. Mbele yetu palikuwa na lori lenye tela mbili, linakwenda polepole. Nyuma palikuwa na abiria watatu, mmoja wao mwalimu mwenye koti aliyekuwa akienda Likasi kuona jamaa zake. Baba akasogea karibu na lori.

"Kuko kitu?"

Barabara ilikuwa tupu mpaka mwisho wa macho yangu.

"Kuko," nikasema.

Baba akakaa nyuma ya lori. Basi alinisikia, gari zima, chuma na watu watano, lilikuwa limekaa mahali lilipo kwa sababu ya neno langu. Lakini neno moja si ushahidi. Nikangoja.

"Kuko kitu?"

"Kuko."

Na mara ya tatu pia, "Kuko."

Kitu ambacho mimi, mwenye diploma, sikukifikiria ni hiki: gari linalokuja lazima lifike. Baba alikuwa akingoja yale magari yangu yatupite. Alikuwa ameshasogea pembeni kwa kila moja, ameyapa nafasi kama alivyokuwa akiyapa magari yote. Hayakupita. Upande wa pili wa barabara ulikuwa kimya, vumbi lake limelala.

Mwalimu wa nyuma akainama mbele. "Mama mutoto, ile motoka yako inatembea na miguu?"

"Labda imesahau kitu kwabo, imerudia," akasema mwingine.

Wakacheka sana. Baba hakucheka. Alirudi nyuma ya lori umbali wa nyumba mbili tatu, na barabara ilipoanza kupinda kulia alichungulia upande wake. Niliona macho yake yakienda mbali, yakirudi. Aliona nilichokuwa nakiona mimi tangu mwanzo. Dereva wa lori aliwasha taa ya kulia, akatuita tupite. Baba hakupita. Tulilifuata lile lori hadi kijiji kilichofuata.

Hapo alisimama, abiria wakashuka kununua parachichi. Baba akazunguka akaja upande wangu.

"Mama, uliona nini?"

Lilikuwa swali jepesi. Jibu lake lilikuwa: sikuona kitu, Tata, nilitaka kujua kama unanisikia. Nililitengeneza lote kichwani, kila neno mahali pake. Kisha nikasema:

"Nilifikiri niliona gari."

"Ulifikiri."

"Ndiyo, Tata."

Akanitazama kidogo. Halafu akachukua kitambaa chini ya kiti, akamwagia maji ya chupa, akaanza kupangusa kioo cha mbele upande wangu. Alikipangusa taratibu, kutoka juu hadi chini, akarudia. Kioo hakikuwa kichafu kuliko siku nyingine. Abiria walirudi, wakakaa, wakamkuta bado anapangusa.

Safari iliyobaki aliniuliza kama kawaida nami nilijibu kweli tupu. Lakini kila niliposema "Hakuna," alingoja sekunde moja kabla ya kutoka. Zamani hakuwa akingoja.

Jumamosi iliyofuata nilipofika kwenye gari, kiti cha kushoto kilikuwa na mtu. Alikuwa mama mmoja muuza samaki wa moshi, mnene, wa makamo, niliyezoea kumwona kituoni akipakia vikapu vyake kwenye magari ya watu wengine. Baba alikuwa amemfungulia mlango na kumshika mkono hadi alipokaa. Kisha akaniambia, bila kunitazama sana:

"Leo mama atakaa mbele."

Nikapanda nyuma. Hakuna aliyenifukuza, wala hakuna aliyenikemea. Hata leo sijui kama angenikemea ningepona upesi. Nilikaa nyuma ya baba mwenyewe, magoti yakigusa kiti chake, kikapu cha samaki kikiwa mapajani. Niliamua kutotazama mbele. Niligeuza uso dirishani nikayahesabu machuguu, na madirisha yakiwa wazi upepo ulikuwa mkubwa, sikusikia waliyokuwa wakisema mbele. Nilipochungulia mara moja niliona midomo ya yule mama ikicheza. Nikajua anasema "Hakuna." Niliona baba akiitikia kwa kichwa. Nikajua anaridhika. Tulifika Likasi mchana umeshaingia, tumechelewa, nami nikawaza tu kwamba malori yalikuwa mengi.

Ile ndiyo safari ya mwisho niliyosafiri na baba. Mwezi uliofuata nilikwenda Lubumbashi kwa basi.

Nimejaribu kuandika kuhusu chuo na siwezi kuona umuhimu wake hapa, isipokuwa jambo moja. Mwaka wa pili rafiki mmoja aliniambia kaka yake atanifundisha kuendesha, kwa gari la usukani wa kushoto, kama inavyopaswa. Nikakaa nyuma ya usukani nikijiamini. Nilikuwa nimekaa mbele barabarani miaka mitano, nini kingenishinda? Barabara ya mtaani kwao haikuwa na mstari. Nikajiweka mahali ambapo mwili wa dereva hukaa, yaani karibu na mtaro. Hivyo ndivyo nilivyomwona baba akifanya maisha yangu yote. Lakini mwili wangu sasa ulikuwa upande wa kushoto wa gari, na gari lote lililobaki lilikuwa kulia kwangu. Magurudumu ya kulia yakaingia mtaroni kwa sauti kubwa.

"Nani alikufundisha?" kaka mtu akauliza akiwa ameshikilia mlango. "Mutu wa Zambia?"

Majirani walitoka kutusukuma, wakinipa ushauri wa kila namna. Nilisimama pembeni na viatu vya matope, na nilichokitaka siku ile kuliko kitu chochote ni kumpigia baba simu nimwambie. Angecheka. Angesema, mama, ulikaa mahali pa tata yako. Nilimpigia kweli jioni. Akaniuliza kama nakula, nikasema ninakula. Akaniuliza kama Lubumbashi kuna baridi, nikasema kiasi. Salio likaisha, au nilisema limekwisha.

Likizo nilirudi nyumbani mara tatu. Mama yangu alifurahi, alipika bukari, ugali wetu, na samaki, aliniuliza lini nitamaliza. Baba alikuwa anatoka alfajiri na kurudi jioni sana, jioni zaidi kuliko zamani, amechoka, mashati yake yana vumbi hadi mgongoni. Niligundua kwamba alikuwa amekonda, na kwamba gari lilitoka kituoni mara nyingi likiwa na abiria wawili tu, wakati madereva wengine walijaza. Nilidhani ni biashara ilivyo. Magari yalikuwa yameongezeka.

Likizo ya mwisho, akiwa anakunywa chai asubuhi amesimama, alisema bila kugeuka:

"Kesho naenda Likasi. Kuko nafasi."

"Wapi, nyuma?" nikauliza.

Akapuliza chai yake. "Popote."

Nimelirudia neno hilo mara nyingi kuliko somo lolote nililofundishwa. Popote. Nimelipima, nimeligeuza, nimejaribu kusikia upya sauti aliyolisemea. Wakati ule nililisikia hivi: hakuna kiti chako. Nikamjibu kwamba nina vitabu vya kusoma. Akasema vizuri, akaweka kikombe, akaenda kuwasha gari. Niliusikia mlango wake ukifungwa, kisha kimya, kisha injini. Kimya kile kilikuwa kirefu. Alikuwa akifanya nini? Nilikuwa dirishani hatua nne kutoka kwake na sikufungua pazia.

Alikufa nikiwa mwaka wa nne, Jumapili asubuhi, ameshavaa kwenda kanisani. Alikaa kwenye kiti ili afunge viatu na hakuinuka. Moyo, walisema. Barabara ile ambayo mama aliiogopa kwa niaba yake miaka yote haikumgusa hata kidogo. Wajomba waliuza gari kabla sijamaliza mitihani. Nilipofika, mahali lilipokuwa likiegeshwa palikuwa na alama nne tu na doa la mafuta.

Sasa nafanya kazi Kolwezi. Nina gari, la usukani wa kushoto. Vipande vingine vya barabara ya Likasi vimepakwa rangi upya, mstari mweupe katikati kabisa, nusu kwa nusu kama nilivyojibu nikiwa na miaka kumi na minne, na malori yenye mzigo bado yanaukanyaga kila siku kwa sababu ukingo bado unamegeka. Kwingine mstari umeshaondoka tena. Nikiwa peke yangu nyuma ya lori, ninaona vizuri kabisa. Simhitaji mtu yeyote. Lakini mara nyingine mdomo wangu unauliza wenyewe, "Kuko kitu?" na ninakitazama kiti cha pembeni, ambacho sasa ni cha kulia, chenye mkoba wangu juu yake.

Nilitaka kujua jambo moja tu katika mambo haya yote, na mwenye kulijua alikuwa amezikwa: kama aliwahi kuniamini tena. Nilikuwa na ushahidi wa upande mmoja. Nilidanganya, akaniondoa, akamweka mtu mwingine. Mtu yeyote mwenye akili angefikia uamuzi niliofikia.

Mwaka jana nilikuwa sokoni Likasi, nauliza bei ya samaki, na kwa kuwa ndivyo nilivyo nilitaka kujua pia samaki wametoka wapi, wamekaushwa lini, na kwa nini wa ziwa la Nzilo ni ghali kuliko wengine. Mama aliyekaa nyuma ya meza, mwenye miwani minene, akaniinulia mkono ninyamaze.

"Ile sauti naijua," akasema. "We njo mutoto ya shofere. Ule wa kuuliza-uliza."

Ilichukua muda nimkumbuke. Alikuwa amepungua, nywele nyeupe. Nikamwambia nashangaa ameijua sauti kabla ya sura.

"Sura yako njo naiona leo. Mi nilikuwa sione, mwana. Macho ilikuwa na ukungu yote mbili. Batu nilikuwa naona kama kivuli. Banganga ba hospitali balinipasua macho, tata yako alikwisha kufa."

"Lakini ulikuwa unakaa mbele," nikasema. "Kiti cha kushoto."

"Ndiyo. Yeye njo alinikalisha pale."

"Tata alijua kama huoni?"

"Hakujua namna gani? Si alikuwa ananishika mukono mpaka ku kiti? Ananifungia na mukaba ya kiti."

Nikakaa kwenye gunia la chumvi lililokuwa karibu. Mteja mwingine alikuja, akahudumiwa, akaondoka. Nikamuuliza yule mama baba alikuwa akimuuliza nini kila alipotaka kulipita lori.

"Kupita?" Alicheka hadi akavua miwani kuifuta. "Tata yako? Batu balikuwa banamuita Remorke, ni kusema tela, juu siku yote iko nyuma ya kamyo. Batu banakasirika, banamuambia, tata, pita basi, njia ni bule, hakuna kitu. Yeye ananyamaza tu. Kamyo ikienda pole, na sisi pole. Kamyo ikisimama kukojoa, na sisi tunangojea. Baclient bote balimukimbia, tulibakia mi na samaki yangu."

"Tangu lini?" nikauliza.

Akafikiri, akihesabu kwa vidole vilivyokuwa na mafuta ya samaki. Akasema tangu siku ile ya kwanza aliyokaa mbele. Mimi nilikuwa nyuma, akasema, nimebeba kikapu chake, na nilikuwa nimenuna.

Kwa miaka minne, kuanzia Jumamosi ile mpaka alipokufa, kwenye barabara ya Kolwezi na Likasi, baba hakulipita lori hata moja, wala hakumuuliza mtu mwingine "Kuko kitu?"